Shajara ya mradi: Matamko ya Kutokeza Mchana kwa Kiswahili

Januari 11

Nimeanza. Lengo ni matamko kumi ambayo Wamisri wa kale waliwaandikia wafu wao, yatoke kwenye Kimisri chenyewe na kuingia Kiswahili moja kwa moja, na yasomeke kwa sauti. Hilo la sauti ndilo sharti nisilotaka kulilegeza. Maandishi haya hayakuandikwa yatazamwe tu. Ndani ya piramidi ya Mfalme Unas kule Saqqara, iliyojengwa karibu mwaka 2350 KK, matamko yanafunguliwa na alama mbili, swila na bakora, na maana yake ni "maneno ya kusemwa". Gaston Maspero alipoingia humo mwaka 1881 alikuta kuta zimejaa maneno tangu juu hadi chini, yamechongwa na kutiwa rangi ya buluu, na dari ni nyota tupu. Huo ndio mkusanyo mkongwe zaidi wa maandishi ya wafu unaojulikana Misri, na kila mstari wake unadai kinywa.

Tuko watatu. Mimi natafsiri. Mwalimu, aliyefundisha Kiswahili sekondari mpaka akastaafu, ndiye mhariri. Na kuna binti mchoraji anayeishi mtaa wa pili, atakayetutengenezea kurasa.

Kwa kuanzia nimechukua mstari mmoja wa Unas, tamko la 213: "Ewe Unas, hukuondoka ukiwa maiti, umeondoka ukiwa hai." Nilimsomea Mwalimu kwa simu. Alinyamaza kidogo, akasema, "Huyo aliyeandika alijua kwamba sisi nasi tukimzika mtu tunasema ameondoka." Kimisri kimetumia kitenzi cha kawaida kabisa cha kwenda, na Kiswahili nacho kinacho. Sikulazimika kutafuta kitu.

Januari 29

Jina la mradi limetula wiki mbili.

Matamko yetu mengine yote, baada ya lile la Unas, yanatoka kwenye mkusanyo wa baadaye ambao dunia inauita Kitabu cha Wafu. Jina hilo alilipa Karl Richard Lepsius mwaka 1842, alipochapisha hati ya mtu aitwaye Iufankh iliyoko Turin. Wamisri hawakuliita hivyo. Kwao yalikuwa matamko ya *peret em heru*: *peret* ni kutoka, *heru* ni mchana. Marehemu hafungiwi kaburini. Asubuhi anatoka, anaona jua, anakunywa maji, jioni anarudi.

Rasimu ya kwanza niliandika "Kutoka Mchana". Mwalimu aliikataa papo hapo: "Mwanangu, hii ni sawa na kutoka asubuhi hadi jioni. Msomaji atangoja umwambie mpaka saa ngapi." Kweli, kwetu "kutoka" ni kitenzi na pia ni neno la kuonyesha kitu kilipoanzia. Nikapendekeza "Kutoka Mchana Kweupe". Akasema mchana kweupe watu wamezoea kuusikia kwenye habari za wizi. Tukajaribu "Kujitokeza", nalo likasikika kama mtu anayejipeleka polisi.

Jana jioni akanipigia mwenyewe: "Jua hufanya nini asubuhi? Hutokeza." Basi. *Kutokeza Mchana*. Kitenzi hicho cha Kimisri nacho hutumika kwa jua na nyota zinapochomoza, kwa hiyo hatujaongeza kitu wala kupunguza.

Februari 9

Kila kipande tutakiita "tamko". Mwalimu alipendelea "kisomo", kwa kuwa kisomo cha marehemu ni kitu ambacho wengi wetu tumekihudhuria, na nilikaribia kukubali. Kilichonizuia ni alama yenyewe. Kichwani mwa kila kipande pamechorwa mdomo. Neno *ra* ni mdomo, na ndilo hilohilo linalotaja maneno yanayotoka mdomoni. "Kisomo" kinaelekeza jicho kwenye kitabu. "Tamko" linaelekeza sikio kwa msemaji.

Namba tunafuata za Lepsius kwa sababu kila mtu anazitumia, lakini nitaeleza kwenye utangulizi kwamba si za Wamisri. Alihesabu matamko 165 kwa mpangilio wa hati ya Iufankh, ambayo ni ya zama za Waptolemi, miaka elfu moja hivi baada ya hati ya Ani tunayoitegemea zaidi. Ani alikuwa mwandishi wa kifalme na mhasibu wa sadaka za miungu, karibu mwaka 1250 KK. Kila familia ilichagua matamko kadiri ya uwezo wake, na hakuna hati mbili zinazofanana sawasawa.

Februari 26

Nimefuta rasimu tatu nzima. Nilipozisoma kwa sauti nikasikia Kiingereza chini yake. Nilikuwa natazama tafsiri za wengine kabla ya kuumaliza mstari mwenyewe. Kuanzia leo vitabu vya tafsiri vinakaa chumba kingine mpaka rasimu iwe imekamilika.

Machi 8

Tamko la 30B, la moyo. Nitakaa hapa kidogo kwa sababu ndipo nilipoamini kwamba kazi hii inawezekana.

Wamisri walipomhifadhi maiti waliutunza moyo, maana ndio unaowaza, unaokumbuka na unaojua kila alichofanya mwenyewe. Hapo ndipo penye hofu. Siku ya mizani moyo huwekwa upande mmoja, na upande wa pili unyoya wa mungu Maat. Mungu Anubis anaangalia ulimi wa mizani, mungu Thoth anaandika, na kando amejilaza yule mnyama mwenye kichwa cha mamba, kifua cha simba na makalio ya kiboko, anangoja. Je, moyo ukisema? Ndiyo maana tamko hili lilichongwa tumboni mwa sanamu ya dundu, yule anayeviringisha mavi, kwa jiwe la kijani, akawekwa juu ya kifua cha maiti. Ni mtu anauomba moyo wake mwenyewe usimgeuke.

Tatizo ni kwamba Kimisri kina maneno mawili ya moyo, *ib* na *hati*, na tamko linayatumia yote mawili mfululizo. Tafsiri nyingi nilizowahi kuona zinarudia neno lilelile mara mbili. Mimi nami nilikuwa nimeandika "moyo... moyo", na mstari umelala chali. Mwalimu alichukua kalamu nyekundu, akafuta wa pili, akaandika juu yake: *mtima*.

Neno hili washairi wetu wanalo siku zote na sisi wengine tumeliacha. Sasa mstari unasimama:

"Moyo wangu wa mama yangu, moyo wangu wa mama yangu! Mtima wangu wa maumbile yangu! Usisimame kunitolea ushahidi. Usinipinge barazani. Usinigeuke mbele ya mshika mizani. Wewe ndiwe ka yangu uliyemo mwilini mwangu. Usilinukishe jina langu."

*Ka* ni nguvu ya uhai iliyomo ndani ya mtu. "Moyo wangu wa mama yangu" ni neno kwa neno. Zile tafsiri nilizozificha chumba cha pili zinalazimika kueleza: moyo nilioupata kwa mama yangu. Sisi tuna *wa*, wao wana *en*, na vyote viwili vinaacha wazi kama ni moyo aliokupa mama, au ulio mali ya mama bado. Nadhani kuacha wazi ndiko kulikokusudiwa.

"Baraza" nalo limeingia lenyewe. Wanaokaa na kusikiliza shauri ni baraza. Sikutaka neno jingine.

Machi 23

Tamko la 125. Marehemu anaingia Ukumbi wa Haki Mbili na kukana makosa. Nilishindana na neno Maat kwa mwezi mzima: ukweli? uadilifu? utaratibu wa dunia? Kisha nikagundua kwamba mtu wetu akisema "hiyo ndiyo haki" anaweza kumaanisha kweli, anaweza kumaanisha sawa, anaweza kumaanisha stahili. Mungu mwenyewe nimemwachia jina lake, Maat. Ukumbi ni wa Haki Mbili.

Suala kubwa lilikuwa ukanushi. *Sijaua* au *sikuua*? Niliandika "sija-" kwenye rasimu yote, kwa kuwa ndivyo tunavyojitetea: sijaiba, sijamgusa. Nikawasomea wote wawili. Binti akasema, "Kaka, mbona kama bado ana muda?" Ndivyo ilivyo. Anayesema "sijala" chakula bado anakitarajia. "Sijaua" inaacha mlango haujafungwa, na huyu msemaji amekwisha kufa, hana kesho ya kutenda jambo. Hesabu yake imefungwa. Kimisri nacho kimetumia umbo la kukana lililopita. Nimebadilisha yote:

"Sikumshindisha mtu na njaa. Sikumliza mtu. Sikuua. Sikuagiza mtu auawe. Sikunyang'anya maziwa kinywani mwa watoto. Sikuyazuia maji katika majira yake. Sikuyapigia ukuta maji yanayokwenda."

Kila mstari unaanza na *siku*, kama ngoma. Kimisri kinaanza kila mstari na *en*, kwa mwendo huohuo. Tena Kimisri hutanguliza herufi *s* kuonyesha mtu kusababisha jambo, nacho Kiswahili kina mnyambuliko wake: kulia ni kulia, kumliza mtu ni kosa lako.

Kwa muda mrefu niliitazama orodha hii kama amri za dini. Baada ya kuitafsiri naona mtu wa mfereji. Kuzuia maji, kuyapigia ukuta, kupunja kipimo cha nafaka, kusogeza mizani. Haya ni malalamiko ya majirani wanaolima kwa mto mmoja.

Machi 30

Bado 125. Sehemu ya pili wako wasikilizaji 42, kila mmoja anaitwa kwa jina na mahali alikotoka, na kila mmoja anaambiwa kosa moja ambalo marehemu hakulitenda. Majina yao yamenipa raha isiyo kifani, kwa sababu Kiswahili kinaunda majina ya namna hii kama kucheza: *Mpiga-hatua-ndefu* aliyetoka Heliopolis, *Mkumbatia-moto* aliyetoka Kheraha, *Mwenye-pua* aliyetoka Hermopolis, *Mmeza-vivuli* aliyetoka pangoni, *Mvunja-mifupa* aliyetoka Herakleopolis. Hakuna hata mmoja aliyehitaji maelezo pembeni.

Mwishoni mwa tamko mlango wenyewe unaanza kuuliza maswali. Miimo inasema hatukupitishi mpaka utaje jina letu. Komeo linasema vilevile. Akimaliza mlango, sakafu inasema: hutanikanyaga, kwa kuwa sijui majina ya miguu yako. Na ana majina ya miguu yake yote miwili, anayataja. Mwalimu alicheka kwa furaha kwenye mstari huo, akauomba tena.

Aprili 13

Jumamosi ya mikono. Mafunjo yaliyowapa Wamisri karatasi karibu yametoweka kule Misri porini, lakini hapa Mwanza yanasimama ziwani, ziwa lilelile linaloulisha Nile. Tukaenda na panga tukakata mashina kumi na mawili yaliyonona.

Unamenya ganda la kijani, unabaki na kiini cheupe chenye pembe tatu, laini kama sifongo. Unakichana vipande virefu vyembamba. Unavipanga ubavu kwa ubavu, tabaka la pili juu yake kwa kukingamana. Unagonga kwa nyundo ya mti iliyofungwa kitambaa, utomvu wake wenyewe unashika. Kisha uzito juu, na subira.

Tulikosea subira. Kulikuwa na mvua, hatukubadilisha vitambaa vya kunyonya maji, na siku ya nne ukurasa ulikuwa na madoa meusi ya ukungu na harufu ya tope. Wa pili tumebadilisha vitambaa asubuhi na jioni. Umetoka rangi ya maziwa yaliyotiwa chai, na ukiuinua juani unaona nyuzi zinavyopishana kama mkeka.

Wino mweusi ni masizi ya chungu na gundi ya mgunga. Mwekundu ni ngeu, ule udongo ambao maseremala wa zamani walipigia mstari. Waandishi wa Misri waliandika matini kwa nyeusi, na vichwa vya matamko pamoja na maelekezo kwa nyekundu. Sisi tutafuata hivyohivyo. Binti ametafuna ncha ya unyasi mpaka ikawa brashi na anaandikia hiyo. Anasema inashika wino kuliko brashi ya dukani.

Mei 4

Ukurasa wa majaribio wa 30B umeharibika. Binti alinakili safu kutoka kulia kwenda kushoto, kwa sababu ndege na watu wote kwenye alama wanatazama kulia, na kanuni ni kusoma ukiwakabili nyuso. Lakini hati nyingi za matamko haya zinakwenda kinyume: nyuso zinatazama kulia na safu zinaanzia kushoto. Kosa ni langu, nilipaswa kumwambia.

Mei 18

Tamko la 6. Sanamu ndogo ya *shabti* ina jembe mikononi na kikapu begani. Kazi yake ni moja: marehemu akiitwa kwenye kazi ya lazima huko aliko, kulima mashamba, kumwagilia kingo, kuvusha mchanga kutoka mashariki kwenda magharibi, sanamu iitike badala yake. Neno la kazi hiyo tunalo, *msaragambo*, na nimelitia bila kusita. Hata mfalme hakusamehewa: kwenye kaburi la Tutankhamun zilikutwa sanamu 413.

Kuitika ndiko kulikotusumbua. Huku kwetu mtoto wa kiume akiitwa anasema "naam", wa kike "abee", na sanamu zimetengenezewa wanaume na wanawake. Nikichagua moja nimemfungia mmoja nje. Kimisri kinasema *mek wi*, yaani tazama, mimi. Tumeandika: "'Nitafanya! Mimi hapa!' ndivyo utakavyosema." Inafaa kila kinywa.

Juni 8

*Ba* na *ka* nimeyaacha kama yalivyo. "Roho" lingebeba mafundisho ya misikiti na makanisa yetu yote na kuyamwaga juu ya ndege mwenye kichwa cha mtu, ambaye ndiye ba: anayeruka kutoka kaburini na jioni kurudi kutua juu ya mwili. Lakini neno likiingia Kiswahili lazima lipate upatanisho. *Ba yangu imerudi?* Basi ni kitu, kama nguo. *Ba wangu amerudi?* Kidogo linakwaruza. Kwenye tamko la 89 marehemu anamngoja ba wake kama mtu anavyomngoja jamaa wa safarini, na hapo jibu likaja: tunasema *ndugu yangu amerudi*, *rafiki yangu amefika*. Basi ni *ba yangu amerudi*, na *ka yangu aliyemo mwilini mwangu*. Nimerekebisha 30B pia.

Juni 22

Shamba la Matete, huko wanakoishi na kulima wafu, matamko ya 109 na 110, limekwisha. Shayiri yake ina urefu wa dhiraa 5, suke 2 na bua 3. Ngano ya kale dhiraa 7. Wavunaji nao wana dhiraa 9. Mmisri alipima kwa mkono, kiwiko hadi ncha ya kidole, na dhiraa yetu ni mkono huohuo. Sikubadilisha kuwa mita. Kwenye picha ya Ani anaonekana akivuna na akiendesha ng'ombe wa kulimia, amevaa nguo nyeupe safi.

Julai 13

Tumesoma saba kwa sauti, uani kwa Mwalimu, watu kama ishirini. Mwalimu alisoma 125, binti 30B, mimi Unas na shabti.

Nilihofia majina. Kwenye hati ya Ani sehemu kubwa iliandikwa kabla mnunuzi hajajulikana, nafasi zikaachwa, na jina lake likatiwa baadaye kwa mwandiko tofauti. Ziko hati ambazo nafasi hazikujazwa kamwe. Kwenye tafsiri yetu nafasi hizo tumeandika *fulani*, na nilidhani uani itasikika kama fomu. Kumbe haikuwa hivyo. Kila Mwalimu alipofika kwenye "fulani" alipunguza sauti na kusimama kidogo, bila mtu kumwagiza, na mara ya tatu nikaona mama mmoja mbele yangu anatikisa midomo. Alikuwa anajaza.

Baada ya hapo wazee wawili walibishana karibu saa nzima kama mtu anaweza kuomba moyo wake usiseme kweli. Nimeandika hoja za wote wawili kwenye daftari. Moja itaingia kwenye utangulizi.

Agosti 3

Yamebaki matatu, na refu kuliko yote ni la 17. Hili ni la ajabu kwa sababu limejaa maswali. Marehemu anasema jambo, kisha wino mwekundu unauliza, kisha jibu, na mara nyingi jibu la pili la mtu aliyeona vingine. Waandishi wa Misri wenyewe walikuwa wanafasiri maneno ya kale waliyorithi, na badala ya kuufuta mjadala waliuingiza humohumo ili marehemu auseme wote.

Swali lenyewe, *peteri ref su*, nilikuwa naliandika "Huyo ni nani basi?" Likirudi mara ya sita linachosha. Mwalimu amelisoma, akasema darasani kwake mwanafunzi asiyeelewa hakuwa akiuliza kwa maneno mengi hivyo. Alisema tu: "Yaani?"

"Jana ni yangu, nayo kesho naijua. *Yaani?* Jana ni Osiris. Kesho ni Ra."

Osiris ni mungu wa wafu, Ra ni mungu wa jua. Nimebadilisha maswali yote hadi katikati ya tamko. Jumamosi tutaendelea na nusu ya pili, na binti anasaga ngeu zaidi, maana kwa tamko hili nyekundu haitatosha.